Silanga Limejaa. Litatuchukua Hadi Lini?

Miaka michache iliyopita, mwishoni mwa masika, nilipiga picha ya silanga katika kijiji kimoja upande wa Bamba. Maji yalikuwa yamefika ukingoni, watoto wakirusha vijiwe, na ng'ombe wamesimama ndani hadi tumboni. Chini ya picha niliandika: "Silanga limejaa, wakaazi wana furaha." Na kweli walikuwa na furaha.

Nilirudi huko katikati ya Oktoba kwa kazi nyingine. Nikakuta kina mama wamechimba vishimo kwenye tope, kila mmoja ameketi kando ya kishimo chake na kikombe mkononi, akingoja maji yajikusanye. Mmoja alinitambua. "Mwanangu," akaniambia, "si wewe uliyetupiga picha? Mbona leo hupigi?"

Sikuwa na jibu. Nilichokosa kuuliza siku ile ya picha ni swali dogo tu: maji haya, kwa matumizi haya, yatatuchukua hadi lini? Swali hilo ndilo somo la toleo hili. Halihitaji mashine wala mtaalamu kutoka Nairobi. Linahitaji mti wenye alama, daftari, na hesabu ambayo mtoto wa gredi ya tano anaiweza.

Somo linawahusu hasa wakaazi wa Ganze na sehemu za ndani za Magarini na Kaloleni, ambako bomba halijafika au likifika halitoi maji kila siku. Huko tunategemea misimu miwili: masika, kuanzia Aprili hadi Juni, na vuli, kuanzia Oktoba hadi Desemba. Katikati yake kuna mapengo mawili, Januari hadi Machi na Julai hadi Oktoba. Mapengo haya si ajali. Yanakuja kila mwaka, hata mwaka wa mvua nzuri. Ajali ni pale msimu wenyewe unapokosa. Kuanzia mwishoni mwa 2020 hadi mwishoni mwa 2022, misimu mitano mfululizo ilikuwa duni katika sehemu kubwa ya maeneo kame ya Kenya, na tarehe 8 Septemba 2021 Rais Uhuru Kenyatta alitangaza ukame kuwa janga la kitaifa. Kufikia mwisho wa kipindi hicho nchi ilikuwa imepoteza zaidi ya mifugo milioni 2. Wengi wanaosoma ukurasa huu wanakumbuka harufu ya mizoga kando ya barabara.

Mnywaji tusiyemwona

Tuanze na kanuni moja, kwa sababu itatusaidia hadi mwisho. Milimita 1 ya maji iliyotandazwa juu ya mita mraba 1 ni lita 1. Basi.

Sasa chukua silanga la kawaida. Lipime kwa hatua ndefu za mtu mzima, kila hatua uihesabu kuwa mita moja. Tuseme lina urefu wa hatua 50 na upana wa hatua 40, yaani mita mraba 2,000. Katika sehemu za joto na upepo kama zetu, maji yaliyo wazi hupoteza milimita 5 hadi 7 kwa siku kwa kukauka tu. Tuchukue 6. Mara 2,000, tunapata lita 12,000. Hiyo ni mitungi 600 ya lita 20, kila siku, na hakuna aliyeibeba.

Linganisha na kijiji chenyewe. Familia 100, kila moja ikiteka mitungi 5, ni lita 10,000. Ng'ombe 50, kila mmoja akinywa lita 25, ni lita 1,250. Mbuzi 200 kwa lita 5 kila mmoja, lita 1,000. Jumla lita 12,250. Maana yake jua na upepo vinakunywa karibu sawa na kijiji kizima pamoja na mifugo wake. Nilipoifanya hesabu hii mara ya kwanza niliirudia, nikidhani nimeongeza sufuri.

Kutokana na hesabu hiyo kuna jambo la kukumbuka wakati wa kufukua silanga. Mara nyingi tunajivunia silanga pana, kwa sababu upana unaonekana. Lakini jua linakunywa kwa upana, si kwa kina. Silanga la mita mraba 1,000 lenye kina cha mita 3 linabeba maji sawa na la mita mraba 2,000 lenye kina cha mita moja na nusu, na linapoteza nusu tu ya maji kwa jua. Kwa hivyo mkichimba, chimbeni kwenda chini. Hadhari moja: chini ya silanga kuna udongo wa mfinyanzi unaozuia maji yasizame. Ukiutoboa, silanga linageuka chujio. Muiteni afisa wa maji aangalie udongo kabla ya kuzama zaidi.

Miti upande unakotoka upepo husaidia pia, mradi ipandwe mbali na ukingo ili mizizi isije kuupasua. Na mifugo wasiingie ndani. Wanavuruga tope, wanaacha kinyesi, na kwato zao zinabomoa kingo, ambazo mvua ijayo inazisomba na kuzijaza chini. Ua wa miiba na birika la kunyweshea upande wa nje, hata la saruji la kujengwa kwa mikono, linaokoa maji kuliko linavyogharimu. Ua huo huo unazuia watoto wasitumbukie.

Mti wa alama

Chukua nguzo imara ambayo mchwa hawaipendi, au bomba la chuma. Itie alama kila sentimita 10 kwa rangi au msumeno. Isimike mahali penye kina kikubwa kuliko pote, sufuri ikiwa chini kabisa. Wakati mzuri wa kuisimika, kwa bahati mbaya, ni silanga likiwa limekauka, wakati ambapo hakuna anayetaka hata kulitazama.

Kila Jumamosi, saa ile ile, mtu mmoja asome maji yamefika wapi na kuandika kwenye daftari: tarehe, namba, na kama mvua ilinyesha wiki hiyo. Hiyo ndiyo kazi yote. Shule iliyo karibu inaweza kuifanya iwe kazi ya wanafunzi, na mwalimu akapata mifano ya hesabu isiyokwisha.

Tuone mfano. Jumamosi moja katikati ya Julai, maji yako kwenye sentimita 150. Jumamosi inayofuata, 140. Zimeondoka 10. Kwa vipimo vya silanga letu la juu, karibu 4 zimekunywa na jua, 4 nyingine na watu na mifugo, na zilizobaki zimezama ardhini.

Sentimita 30 za mwisho usizihesabu, ni tope. Zinabaki 120. Gawanya kwa 10, unapata wiki 12. Kutoka katikati ya Julai, wiki 12 zinatufikisha mwanzoni mwa Oktoba. Lakini silanga lina umbo la bakuli. Linavyoshuka linakuwa jembamba, na mitungi ile ile inaliteremsha kwa kasi zaidi. Toa wiki moja au mbili. Sasa tuko mwishoni mwa Septemba.

Vuli ikiwahi, itakuja Oktoba. Na mvua ya kwanza haijazi silanga. Ardhi iliyokauka huinywa kwanza, ndipo maji yaanze kutiririka. Kuna mwezi mzima hapo, labda zaidi, ambao kijiji hakina maji. Tofauti ni kwamba umeujua mwezi huo mnamo Julai. Kina mama niliowakuta na vikombe waliujua ulipofika.

Julai tunafanya nini?

La kwanza ni matumizi, na hapa nitasema kwa uangalifu. Familia ya watu 7 yenye mitungi 5 kwa siku inapata lita 14 kwa kila mtu. Mashirika ya misaada huchukua lita 15 kuwa kiwango cha chini cha kumfaa mtu wakati wa dharura. Kwa hivyo familia zetu nyingi zinaishi katika kiwango cha dharura hata silanga likiwa limejaa, na sitaki mtu anayeoga kwa bomba mjini, mimi nikiwamo, aje kuwahubiria ubanifu. Lakini namba zinasema hivi: kijiji kikikubaliana kushuka kutoka mitungi 5 hadi 3, kinaokoa lita 4,000 kwa siku, ambazo kwa wiki ni karibu sentimita moja na nusu kwenye mti wa alama. Maji yanashuka sentimita 8 na nusu badala ya 10. Wiki 12 zinakuwa 14. Ni wiki 2, zimepatikana kwa kukaa barazani tu. Nyumba yenye mtoto mchanga, mgonjwa au mzee isiguswe.

La pili ni mifugo. Hapa wazee wangu wanisamehe, maana ng'ombe si maji tu. Ni mahari, ni karo, ni heshima ya boma. Hata hivyo ng'ombe mmoja anakunywa zaidi ya mtungi mmoja kwa siku, na mtungi huo kwa kawaida mtu mwingine ndiye aliyeutafuta. Anayeuza wawili Agosti, wakiwa na nyama mwilini, anapata bei. Anayengoja Oktoba anakutana sokoni na majirani zake wote, kila mmoja na mnyama aliyekonda, na mnunuzi ndiye anayetaja bei. Uamuzi wa kuuza mara nyingi ni wa baba, na uchungu wa kukosa maji mara nyingi ni wa mama na binti. Ndiyo maana daftari la Jumamosi lisomwe mbele ya wote wawili.

La tatu ni kutoa habari mapema. Katiba ya 2010, Kifungu cha 43, inampa kila mtu haki ya maji safi na salama ya kutosha, na huduma za maji ni jukumu la serikali za kaunti. Hatuwezi kulikwepa hilo. Lakini ombi linalofika likisema "tuna wiki 10, tutaishiwa mwisho wa Septemba, hii hapa daftari" linapangwa kwa njia tofauti na simu ya Oktoba inayosema "tunakufa". Mpeni msimamizi wa wadi nakala. Mamlaka ya Kitaifa ya Kukabiliana na Ukame, NDMA, hutoa taarifa ya kila mwezi kwa kila kaunti kame ikionyesha kama tuko katika hali ya kawaida, tahadhari, hatari, dharura, au tunapata nafuu. Ulizeni chifu au msimamizi wenu mwezi huu tuko wapi.

Na msiweke matumaini yote kwenye boza. Boza la lita 10,000 ni mitungi 500. Familia 100 zinazojibana kwa mitungi 3 zinalimaliza kabla ya siku 2 kwisha, kabla hujahesabu mbuzi hata mmoja. Nayo barabara huwa na neno lake.

Paa lako ni shamba la maji

Tumeona kijiji kina pengo la zaidi ya mwezi, na makubaliano yameliziba kwa wiki 2. Zinazobaki zinaweza kutoka juu ya nyumba.

Rudi kwenye kanuni yetu. Nyumba ya mabati ya mita 6 kwa 5 ina paa la mita mraba 30. Kila milimita ya mvua inaleta lita 30. Toa sehemu moja kwa tano kwa ajili ya maji yanayomwagika na kuruka, zinabaki 24. Mvua moja ya usiku ya milimita 20 inakupa lita 480, mitungi 24. Ikinyesha milimita 500 kwa mwaka, paa hilo dogo limekupa lita 12,000.

Familia ya watu 7 ikitumia lita 5 kwa kila mtu kwa kunywa na kupika tu, inahitaji lita 35 kwa siku. Gawanya. Lita 12,000 ni siku 342. Karibu mwaka mzima wa maji ya kunywa umepita juu ya vichwa vyenu na kumwagika uani. Mvua ikikosa na kunyesha nusu yake, bado ni siku 171.

Tatizo ni pa kuyaweka. Kuvuka pengo la siku 120 unahitaji lita 4,200, kwa hivyo tangi la lita 5,000 linatosha kwa kunywa na kupika. Najua bei yake. Vikundi vya kina mama vinavyochangiana kwa zamu huweza kununua tangi moja baada ya jingine, kama vinavyonunua sufuria na mbuzi. Lakini kabla ya tangi kuna gata. Nimeona nyumba nyingi zenye mabati mapya bila gata hata upande mmoja. Bati lililokunjwa na kupigiliwa kwenye boriti, likiinama kidogo kuelekea pipa, linafanya kazi. Pipa la lita 200 likijaa ni siku 5 ambazo binti hakukosa shule.

Mvua ya kwanza baada ya kiangazi huosha vumbi na mavi ya ndege. Acha mtungi mmoja na nusu hivi wa mwanzo umwagike kwenye migomba au mchicha, kisha elekeza gata kwenye tangi. Funika tangi na uweke wavu kwenye tundu la kuingizia, kwa sababu mbu hawahitaji silanga, kikombe kinawatosha.

Silanga na tangi vyote vikiwa na maji, kiu hutuvuta kwenye tangi kwanza kwa sababu liko karibu. Fanya kinyume. Kufua, kuosha na kunywesha mifugo kutoke kwenye silanga, ambalo jua linalipunguza utumie usitumie. Maji ya tangi lililofunikwa yanakungoja. Tangi ni la kunywa na kupika peke yake, na ufunguo awe nao mtu mmoja nyumbani.

Maji ya silanga hayanywewi hivi hivi

Kipindupindu na kuhara hutufuata hasa maji yanapopungua, kwa sababu wengi wanakunywa kutoka kidimbwi kimoja. Acha maji yatulie usiku kucha. Unga wa mbegu za mronge, wengine huuita moringa, au shabu kidogo, huvuta tope likazama. Yachuje kwa kitambaa safi kilichokunjwa mara kadhaa. Hapo yamekuwa meupe, hayajawa salama. Yachemshe hadi yatokote vizuri, au tia dawa ya klorini kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chupa au pakiti na ungoje nusu saa. Usitie dawa kwenye maji ya tope. Tope linaimaliza nguvu.

Kuna mambo ambayo moto hauwezi. Visima virefu vingi vya sehemu zetu za ndani hutoa maji ya chumvi, na kuyachemsha kunazidisha chumvi, maana maji yanapungua na chumvi inabaki. Yatumike kufulia na kwa mifugo wanaoyakubali. Na kichocho hakiji kwa kunywa bali kwa kuingia: vijidudu kutoka kwa konokono wa majini hupenya kwenye ngozi. Mtoto anayekojoa damu apelekwe zahanati, asiambiwe ni jua kali.

Neno kuhusu mchanga

Mito yetu ya msimu, kama Ndzovuni, ikikauka juu haijakauka chini. Mchanga hushika maji kati ya chembe zake, pengine robo ya ujazo wake, na jua haliyafikii kwa urahisi yakiwa chini ya nusu mita. Maji ya Baricho yanayopelekwa Malindi, Kilifi na hata Mombasa huvutwa kwa njia iyo hiyo, kutoka kwenye mchanga wa mto Sabaki. Kila lori la mchanga linalotoka mtoni linaondoka na tangi lisilo na mfuniko wala bei. Vijana wanaouza mchanga wanatafuta riziki na sitawatukana, lakini kamati ya maji iwe na sauti kuhusu sehemu gani ya mto isiguswe, hasa penye visima vya kuchimba kwa mkono.

Zoezi

Paa lako ni mita 8 kwa 6. Jana usiku imenyesha milimita 15 na gata zako ni nzima. Mko watu 6 na mnatumia lita 5 kila mmoja kwa kunywa na kupika. Umepata lita ngapi, na zitawachukua siku ngapi?

Jibu ni lita 576, karibu mitungi 29, nazo zinawachukua siku 19. Sasa toka nje na kamba, upime paa lako mwenyewe.